Mtoto amemeza vidonge vya kifafa vya bibi yake: faili lake lipewe misimbo ipi?

Swali limetoka kwa afisa wa rekodi za afya aliyeanza kazi hivi karibuni katika hospitali moja hapa Mombasa. Ametueleza mafaili matatu bila kutaja majina. La kwanza ni la mtoto wa miaka mitatu wa Kisauni aliyekuta vidonge vya fenobabitoni vya bibi yake, akavila, akaletwa hospitalini akiwa na usingizi mzito usioamshika. La pili ni la mwanamume mwenye kifafa aliyejiongezea vidonge vya fenitoini nyumbani kwa kuwa aliona anaanguka mara nyingi kuliko zamani. La tatu ni la mwanamke anayetumia fenitoini kwa kipimo kile kile alichoandikiwa, ambaye alianzishiwa dawa za kifua kikuu, na baada ya muda akaanza kuyumba akitembea na macho yake yakawa yanachezacheza. Katika mafaili yote matatu daktari ameandika maneno yale yale: sumu ya dawa ya kifafa. Mwenzake mmoja ofisini ameyapa yote G40.9, msimbo wa kifafa kisichotajwa aina. Mwenzake wa pili, baada ya kutafuta kwenye intaneti, amempa mtoto T42.3X1A. Msomaji anauliza ni nani aliye sahihi, na misimbo ipangwe kwa utaratibu gani. Kwa sentensi moja amegusia pia vifo.

Ndugu yangu, nianze na jibu lenyewe. Kwa uainishaji wa ICD-10, yaani orodha ya misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, faili la mtoto hupewa T42.3 (sumu ya fenobabitoni na jamii yake) kama hali kuu, likifuatwa na X41.0 kama sababu ya nje. Faili la mwanamume hupewa T42.0 (sumu ya fenitoini), kisha X41.0, kisha G40.9 kwa kuwa kifafa anacho kweli. Faili la mwanamke halina sumu hata kidogo kwa maana ya kiuainishaji: hupewa R27.0 kwa kule kuyumba, H55 kwa macho kuchezacheza, Y46.2 kuonyesha kwamba kilicholeta hali hiyo ni dawa ya jamii ya fenitoini iliyotumiwa ipasavyo, na G40.9 pamoja na msimbo wa kifua kikuu kama maradhi mengine aliyo nayo. Kwa hiyo mwenzako wa kwanza amekosea katika mafaili yote matatu, na wa pili ameshika jamii sahihi ya dawa lakini ameuchukua msimbo kutoka nchi nyingine.

Sababu ya mafaili yanayofanana kwa dalili kupata misimbo isiyofanana ni kwamba uainishaji huu hauangalii dawa peke yake. Unauliza dawa ile ilifikaje mwilini. Fenitoini iliyozidi kwenye damu itamfanya mtu ayumbe, asinzie na macho yake yacheze, iwe ameimeza kwa bahati mbaya, amejiongezea kwa kutojua, ameinywa kwa nia ya kujidhuru, au ameitumia vile vile alivyoambiwa. Ukimtazama mgonjwa kitandani huwezi kuzitofautisha hali hizo nne, na hata maabara haitakusaidia, maana kipimo cha damu huonyesha kiwango wala hakionyeshi kisa. Kisa hukaa kwenye maelezo ya daktari au afisa wa kliniki aliyempokea mgonjwa, na maelezo hayo yakikosekana, msimbo wowote utakaouandika utakuwa wa kubahatisha.

Tuanze na mtoto. Kundi la T42 ndilo la sumu ya dawa za kifafa, dawa za usingizi na za kutuliza, na dawa za ugonjwa wa Parkinson. Ndani yake fenitoini na ndugu zake ziko T42.0, kabamazepini iko T42.1, ethosuksimidi iko T42.2, fenobabitoni na jamii yake yote iko T42.3, na diazepamu pamoja na klonazepamu ziko T42.4. Valproeti ya sodiamu haina nafasi ya peke yake. Imewekwa T42.6 pamoja na dawa nyingine za kifafa zisizo na kikao maalumu, na humo ndimo zinamoingia pia dawa za baadaye kama lamotrijini na levetirasetamu. T42.7 ni ya pale ambapo faili linasema tu "dawa ya kifafa" bila kuitaja, na maofisa wengi huikimbilia kwa uvivu. Kabla hujaiandika, soma maelezo ya wauguzi na karatasi ya famasia, kwa sababu mara nyingi jina la dawa limeandikwa mahali ambapo daktari hakuangalia. Hapa kwetu dawa hutolewa katika bahasha ndogo za karatasi, na jamaa wengi huja hospitalini na bahasha hiyo mkononi au wameifunga kwenye pindo la leso. Muuguzi akinakili kilichoandikwa juu yake, kazi yako imekwisha nusu. (Mzazi anayesoma haya bila kuwa afisa wa rekodi achukue hili moja: mtoto akimeza dawa, mpeleke hospitalini mara moja, na bahasha au chupa uende nayo.)

X41 ni msimbo wa sababu ya nje: sumu ya bahati mbaya itokanayo na dawa za kifafa, za usingizi, za Parkinson na zile zinazogusa akili. Uangalie upana wake. Dawa za sonona kama amitriptilini nazo huingia X41, ingawa kwa upande wa aina ya sumu zenyewe ziko T43. Ndiyo maana X41 ikiandikwa peke yake haimwambii mtu yeyote kwamba tatizo lilikuwa dawa ya kifafa, na T42 ikiandikwa peke yake haisemi kama ilikuwa ajali. Misimbo hii miwili hutembea pamoja, na ripoti ya kaunti yenye mmoja tu kati yake haifai kwa kupanga chochote.

Tarakimu inayofuata nukta katika X41 ni ya mahali pa tukio. Sifuri ni nyumbani, moja ni makao ya kulelea watu, mbili ni skuli, taasisi nyingine na majengo ya umma, nne ni barabarani, tano ni sehemu za biashara na huduma, na tisa ni mahali pasipotajwa. Mtoto wetu alikuwa nyumbani, kwa hiyo X41.0. Wengi hawajui kwamba hospitali nayo imo katika ile mbili: mgonjwa aliyepewa kwa makosa kipimo cha mara mbili akiwa wadini hupata X41.2. Na hapa kuna mtego mwingine. Kuna msimbo Y63, wa kukosea kipimo wakati wa matibabu, na kwa mtu anayesoma kichwa cha habari tu huonekana ndio unaofaa. Lakini chini ya kichwa hicho kitabu kinaondoa waziwazi dawa iliyozidishwa kwa bahati mbaya na dawa isiyo sahihi iliyotolewa kwa makosa, na kuzirudisha kwenye X40 hadi X44. Soma daima maelezo ya kile kinachoondolewa.

Mtoto akiwa amepoteza fahamu kabisa, R40.2 huongezwa baada ya ile miwili. Akiwa ameshindwa kupumua, hali ambayo fenobabitoni nyingi inaweza kuileta, J96.0 nayo huongezwa. Hizi ni dalili na matokeo. Hazichukui nafasi ya mbele.

G40.9 ndiyo inayonisumbua zaidi katika barua yako. Mtoto huyo hana kifafa. Kifafa ni cha bibi yake, na mahali pake ni faili la bibi yake. Ukimwandikia mtoto G40.9 kwa sababu tu neno kifafa limeonekana kwenye ukurasa, umemtengenezea historia ya ugonjwa asio nao, na historia hiyo itamfuata kila atakapoletwa na homa, itamfanya daktari wa zamu ya usiku amfikirie dawa asizozihitaji, na huenda ikamfikia mwalimu wake. Sina haja ya kukueleza namna kifafa kinavyosemwa mitaani kwetu, na mambo ambayo familia huyaficha wakati wa posa. Hata kama mtoto angetikisika kwa sababu ya sumu, jambo linalotokea hasa kwa kabamazepini iliyozidi sana, huo ungekuwa mtikisiko wa sumu na ungeandikwa R56.8. Kifafa huandikwa pale daktari aliposema ni kifafa.

Tuje kwa mwanamume. Yeye hakukusudia kujidhuru, alitaka kupona. Uainishaji unasema wazi kwamba kuzidisha dawa bila kukusudia madhara ni sumu ya bahati mbaya, hata kama dawa ni yake mwenyewe na aliandikiwa na daktari. Huenda mtu akasema kuongeza kidonge kimoja au viwili hakuwezi kuitwa sumu. Kwa fenitoini kunaweza. Ini huiondoa fenitoini kwa uwezo wenye mpaka, na ukishafikiwa mpaka huo, nyongeza ndogo ya dawa hupandisha kiwango cha damu kwa kiasi kikubwa kuliko mtu anavyotarajia. Kiwango kinachokubalika kwa kawaida ni miligramu 10 hadi 20 kwa lita. Kikipita 20 macho huanza kucheza, karibu na 30 mtu huyumba, na kikipanda zaidi huwa mzito wa kusema na kufikiri. Nayaeleza haya uelewe kwa nini daktari aliandika sumu. Kazi ya kuamua ni ya daktari. Wewe usimpe mtu msimbo wa sumu kwa kuwa umeona namba kubwa kwenye karatasi ya maabara.

Kwake G40.9 inabaki, lakini nyuma. Kilichomleta hospitalini na kutibiwa ni sumu, na T42.0 ndiyo hali kuu. Daktari akiwa ametaja aina ya kifafa, tumia msimbo wa aina hiyo badala ya ule wa jumla.

Mwanamke wa faili la tatu ndiye aliyewahi kuwachanganya hata maofisa wa miaka mingi. Isoniazidi, mojawapo ya dawa za kifua kikuu, hupunguza uwezo wa ini kuiondoa fenitoini, hivyo kiwango hupanda ingawa mgonjwa hajaongeza hata kidonge. Madaktari huita hali hiyo sumu ya fenitoini, na kitabibu hawakosei. Lakini kwa uainishaji, dawa sahihi iliyotolewa ipasavyo kwa kipimo cha tiba ikileta madhara, hayo ni madhara ya dawa, na T36 hadi T50, yaani misimbo yote ya sumu za dawa, zinayaondoa. Hapo utaratibu unageuka: unaanza na lile lililompata, yaani kuyumba na macho kucheza, halafu unaongeza msimbo wa Y unaotaja dawa. Kwa fenitoini ni Y46.2, kwa kabamazepini Y46.4, kwa valproeti Y46.5. Fenobabitoni haimo Y46, iko Y47.0 pamoja na dawa nyingine za jamii yake zinazotumika kwa usingizi. Kwa kuwa dawa mbili zimegongana, unaweza kuongeza Y41.1 ya dawa za kifua kikuu, na mimi ningeiongeza, maana ndiyo inayomweleza msomaji wa baadaye chanzo cha yote.

Kisa hicho hicho kingebadilika kama mwanamke angekuwa amejinunulia dawa nyingine dukani bila maagizo, akaichanganya na fenitoini, na mchanganyiko ukamdhuru. Miongozo ya Marekani husema wazi kwamba mchanganyiko wa namna hiyo ni sumu. Kwa mafaili yetu, muulize daktari kwanza kabla ya kukata shauri.

Mfano mwingine wa kundi hili, ambao usije ukauandika T42 hata siku moja, ni ngozi kubabuka kwa sababu ya kabamazepini. Mgonjwa ametumia dawa kama alivyoagizwa, ngozi na midomo ikachubuka vibaya. Daktari akiandika Stevens-Johnson, msimbo ni L51.1 pamoja na Y46.4. Na endapo faili linasema tu kwamba dawa ilimdhuru mgonjwa bila kueleza imemfanya nini, kuna T88.7, ingawa ningependa uuone kama deni unalomdai daktari. Mgonjwa aliyeacha dawa akaanza kuanguka hana sumu wala madhara ya dawa: mwandikie G40 (kifafa) au G41 (kifafa kisichokatika) kulingana na maelezo, na Z91.1 ya kutofuata matibabu.

Sasa kuhusu ile T42.3X1A. Huo si msimbo wa uongo. Ni wa ICD-10-CM, toleo ambalo Marekani ilianza kulitumia kwa wagonjwa wa hospitali zake tarehe 1 Oktoba 2015. Katika toleo hilo nia imeingizwa ndani ya msimbo wenyewe: tarakimu ya sita ikiwa 1 ni bahati mbaya, 2 ni kujidhuru, 3 ni kudhuriwa na mtu mwingine, 4 ni nia isiyoweza kujulikana, 5 ni madhara ya dawa iliyotumiwa vizuri, na 6 ni dawa iliyotumiwa pungufu. Herufi ya mwisho huonyesha hatua ya matibabu, na A ni ya wakati mgonjwa anapotibiwa hali yenyewe. Kwa kuwa nia imo ndani, X41 haihitajiki huko kwa wagonjwa waliolazwa. Ukikuta mahali pameandikwa E855.0, hilo ni toleo lao la zamani zaidi, lililoachwa siku hiyo hiyo ya 2015. Hata Wamarekani wenyewe, wanapoainisha vifo, hutumia ICD-10 ya kimataifa na wameitumia hivyo tangu 1999, kwa hiyo kifo cha bahati mbaya kwa dawa ya kifafa kule nacho huhesabiwa X41. Kurasa nyingi zinazotokea unapotafuta kwenye simu zimeandikwa kwa ajili ya bima za Marekani. Alama ya kuzitambua ni ile X katikati na herufi mwishoni.

Umegusia pia vifo, ingawa kwa sentensi moja. Kwa kifo utaratibu hupinduka. Faili la wadini hutanguliza T42 na X41 hufuata. Lakini katika kuainisha sababu ya msingi ya kifo, X41 ndiyo inayochukuliwa, na T42 huandikwa kuonyesha aina ya dhara. Ili hilo liwezekane, daktari anayejaza cheti lazima aandike kwamba ilikuwa ajali. Cheti kinachosema "nimonia" peke yake, wakati nimonia ililetwa na matapishi yaliyoingia mapafuni mtoto akiwa amelewa fenobabitoni, kitahesabiwa nimonia.

Limebaki suala la nia, ambalo watu hulipita kwa haraka kwa sababu ni zito. Ajali ni X41, kujidhuru kwa makusudi ni X61, na Y11 ni ya pale ambapo wenye mamlaka ya kitabibu au ya kisheria wameshindwa kutofautisha. Y11 haikuwekwa kwa ajili ya faili ambalo hakuna aliyejishughulisha kuuliza. Kwa miaka mingi wahudumu wengi nchini waliona haya au hofu kuandika kwamba mgonjwa alikusudia, kwa kuwa kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu kilifanya jaribio la kujiua kuwa kosa la jinai, na ajali ikawa neno la kumsitiri mgonjwa. Mahakama Kuu ilikitangaza kifungu hicho kuwa kinyume cha Katiba mwezi wa Januari 2025. Naielewa huruma iliyokuwa nyuma ya desturi ile, lakini iliwanyima wagonjwa huduma ya afya ya akili waliyoihitaji na kuzijaza takwimu za ajali vitu visivyo ajali. Hata hivyo, afisa wa rekodi haandiki X61 kwa kushuku, kwa uvumi wa jamaa, au kwa sababu mgonjwa ni kijana. Huandika alichoandika daktari.

Utasikia vilevile kuhusu ICD-11, iliyoanza rasmi tarehe 1 Januari 2022. Humo misimbo huunganishwa kuwa kishada, na dawa yenyewe inaweza kuongezewa msimbo wake unaoanza na XM, lakini maswali ni yale yale: dawa gani, ilifikaje mwilini, na ilileta nini. Ukiyazoea katika ICD-10 hutahangaika.

Kwa mafaili matatu uliyo nayo, fanya hivi. Mrudishie daktari kila moja na swali la maandishi lisilomwelekeza kwenye jibu. Usiandike "je, niweke ajali?" Andika: "Tafadhali eleza jina la dawa, kama ilitumiwa kwa kipimo kilichoagizwa, na mazingira ya kuitumia." Jibu libaki ndani ya faili likiwa na saini na tarehe. Kisha kata G40.9 ya mtoto kwa mstari mmoja unaoacha maandishi ya chini yasomeke, usipake dawa nyeupe ya kufutia, andika misimbo mipya pembeni, weka herufi za jina lako na tarehe. Kama takwimu za mwezi huo zimekwisha kuingizwa kwenye mfumo, mwone anayeshughulikia data siku hiyo hiyo na umpe marekebisho yote matatu kwa pamoja, kwa sababu faili likishasahihishwa nayo takwimu ikabaki ilivyokuwa, mtoto huyo ataendelea kuhesabiwa miongoni mwa wagonjwa wa kifafa wa kaunti.